Msamiati wa Jikoni: Kujifunza Mapishi ya Asili Pembezoni mwa Dar es Salaam

Makala haya yakusudia kueleza kwa ufupi jinsi mtafiti wa lugha awezavyo kujifunza mapishi ya asili kwa wenyeji wa vitongoji vya nje vya Dar es Salaam, na faida ambayo taaluma ya Kiswahili yaweza kuipata katika mafunzo hayo. Huenda msomaji akastaajabu kuona jarida la uchunguzi wa lugha likijishughulisha na vyungu na miiko. Lakini msamiati wa jikoni ni miongoni mwa sehemu kongwe za lugha yetu. Wenye kuujua zaidi ni wanawake, hali wakusanyaji wa maneno aghalabu wamekuwa wanaume wenye kuuliza wanaume wenzao. Na leo hii msamiati huo wabadilika upesi kuliko tuwezavyo kuuandika.

Kwanza yafaa kutaja mahali penyewe. Kinondoni iko kaskazini ya jiji na Temeke iko kusini. Wilaya hizi mbili zilikuwa kubwa zaidi kabla ya mwaka 2016, Ubungo ilipotengwa na Kinondoni na Kigamboni ilipotengwa na Temeke. Katika vitongoji vyake, kama Kunduchi na Bunju upande wa kaskazini, Mbagala na Chamazi upande wa kusini, wamo Wazaramo, ambao ndio wenyeji wa nchi hii tangu mji ungali ukiitwa Mzizima. Pamoja nao wamo Wandengereko, Wamatumbi, Wamakonde, na watu wa kila mkoa waliohamia mjini kutafuta riziki. Lugha ya Wazaramo, ambayo Malcolm Guthrie aliipa alama G33 katika mpango wake wa lugha za Kibantu, ni jamaa ya Kikwere, Kikutu na Kiluguru. Kwa hiyo mtafiti anayeingia katika ua mmoja wa Mbagala aweza kusikia, kwa chombo kimoja, neno la Kiswahili sanifu, neno la Kizaramo, na neno la Kusini, yote katika mazungumzo ya asubuhi moja.

Sasa, njia ya kuyapata maneno hayo ni ipi? Njia iliyozoeleka ni kwenda na orodha na kuuliza: "Hiki chaitwaje?" Njia hii yafaa kwa majina ya vitu, lakini haifai sana kwa vitenzi, na mapishi ni kazi ya vitenzi. Ukimwuliza mpishi, "Ugali hufanywaje?" atakujibu, "Unapika tu." Ukishika mwiko mwenyewe naye yu karibu, atakuambia, "Koroga, mwanangu, usiache vidonge; haya, sasa ongeza unga; sasa songa, songa kwa nguvu." Hapo utaelewa kwamba uji hukorogwa lakini ugali husongwa, na kwamba kusonga huku si mbali na kule kubana na kukaza kunakosikika katika maana nyingine za kitenzi hicho. Maana ya neno huingia kwa mkono kabla ya kufika masikioni.

Desturi ya pwani yaijua njia hii tangu zamani. Mwali hakufundishwa kwa orodha; alifundwa na kungwi au somo wake, na sehemu ya mafunzo ilikuwa kazi yenyewe. Mtafiti anayekwenda kujifunza kupika yampasa akubali daraja hilo la mwanafunzi: aamkie "Shikamoo, bibi," akae kwenye kibao au mkekani, amenye vitunguu, achote maji, na asubiri kuambiwa. Shahada ya ng'ambo haina cheo mbele ya mafiga.

Na tuanze hapo kwenye mafiga. Mawe matatu yanayobeba chungu huitwa mafiga, na wengine huyaita mafya. Wako wanaodhani kwamba haya ni maneno mawili yasiyohusiana. Kwa kweli ni shina moja la Kibantu. Katika umbo la pili sauti ya *g* imedondoka, na irabu ya *i* ikageuka kuwa *y*: mafiga, mafia, mafya. Umoja wake ni figa kwa umbo la kwanza, na jifya kwa umbo la pili. Methali yetu yasema kwamba figa moja haliinjiki chungu, wengine husema jifya moja, na kwa tofauti hiyo ndogo msikilizaji hodari aweza kukisia msemaji alilelewa wapi.

Kudondoka kwa sauti kama huku twakuona pia katika kitenzi *kaanga*. Lugha nyingine za Kibantu zina umbo kama *kalanga*. Kiswahili kimeipoteza konsonanti ya katikati, na irabu mbili zilizokutana ndizo alama ya mahali ilipokuwa.

Mara chungu kinapofika motoni, sarufi ya kale yajitokeza. Mpishi wa Temeke atasema *bandika* maji, na baadaye *bandua*. Atasema *funika* sufuria, kisha *funua*. Ataagiza *anika* muhogo, na wingu likitanda atapiga kelele *anua*! Vitabu vya shule hutufundisha kwamba kiambishi *-ika* ni cha kauli ya kutendeka, kama katika *vunjika* na *someka*. Lakini *bandika* haina maana ya kubandwa, wala *funika* haina maana ya kufunwa. Hii ni *-ika* nyingine, ya kuweka kitu katika hali au mahali fulani, na mwenzake ni *-ua*, ya kukiondoa katika hali hiyo. Kiambishi hiki hakina uhai mkubwa tena katika Kiswahili. Hatuwezi kukipachika katika kitenzi chochote tupendacho. Jozi zake zilizobaki zimetawanyika katika kamusi, kila neno katika herufi yake, lakini jikoni zasikika pamoja, mchana na jioni.

Hata kitenzi kikuu cha kazi hii, *pika*, ni cha jamii hiyo. Wanaisimu linganishi wamekwisha onyesha kwamba umbo lake la kale lilianza kwa irabu *i*, na kwamba maana yake ilihusu kuweka chungu motoni. Irabu hiyo Kiswahili kimeiacha katika *pika*, lakini imebaki katika mwenzake, *ipua*, yaani kuondoa chungu motoni. Basi *pika* na *ipua* ni jozi moja, kama *funika* na *funua*, ingawa sura zao leo hazifanani. Vijana wengi wa mjini hawatumii tena *ipua*. Husema *toa jikoni*. Neno hili likipotea, ushahidi huo utabaki vitabuni tu.

Hebu sasa tutazame chakula kimoja kwa ukamilifu wake, nacho ni muhogo. Ugali wa unga wa muhogo huitwa *bada* na watu wengi wa Pwani na Kusini. Ili kufika kwenye bada, mpishi hupita ngazi kadhaa, na kila ngazi ina kitenzi chake: kumenya, kupasua, kuloweka au kuvundika, kuanika mpaka yawe makopa, kutwanga, kuchekecha, ndipo kusonga. Mtu anayeandika tarjuma fupi aweza kuona kwamba kuloweka na kuvundika ni mapambo ya maelezo, akaandika tu "muhogo husagwa ukapikwa." Kosa kama hilo si la lugha peke yake. Muhogo, hasa ule mchungu, una kemikali zinazozaa sumu ya sianidi. Kuloweka, kuvundika na kukausha vizuri ndiko kunakoipunguza. Pale ambapo ngazi hizi zilifupishwa, hasa wakati wa ukame na njaa, watu wamepatwa na konzo, ugonjwa unaopoozesha miguu. Hapa Tanzania umepata kuripotiwa katika mikoa ya Mara na Mtwara. Kwa hiyo kitenzi kilichoachwa nje ya maelezo chaweza kuwa ndicho kilichokuwa kikilinda afya ya mlaji.

Kisamvu nacho ni vivyo hivyo. Majani ya muhogo hutwangwa kinuni kabla ya kuchemshwa, na mgeni huenda akafikiri kwamba kutwanga ni kwa ajili ya ulaini tu. La hasha. Kutwanga hupasua chembe za jani, kimeng'enya kilichomo kikakutana na kemikali ile, sumu ikatoka na kupotea kwa moto na hewa. Mabibi wa Chamazi hawasemi habari za kimeng'enya. Husema kisamvu kisichotwangwa vema "hakijaiva" hata kikichemka kutwa. Kumbe kuiva, kwa lugha ya jikoni, si jambo la muda motoni. Ni kutimia kwa ngazi zote.

Kisamvu hakikamiliki bila nazi, na nazi ina elimu yake. Tunda hili lina majina kwa kadiri ya umri wake: kidaka, kitale, dafu, koroma, nazi, na mbata ikikaushwa. Nazi hukunwa kwa mbuzi, hukamuliwa na kuchujwa kwa kifumbu. Lile tui zito la kwanza ni kasimile, na makapi yanayobaki ni chicha. Tui jepesi hutangulia chunguni, kasimile hufuata mwishoni, na mpishi hukoroga bila kuacha ili tui *lisikatike*. Mwanafunzi anayejua kukatika kwa kamba au kwa mvua hataielewa *katika* hii mpaka aone kwa macho mafuta yakijitenga na maji. Akishaona, hatahitaji tafsiri.

Jambo jingine la kuangaliwa ni upana wa maana. Katika Kiswahili cha vitabu *mboga* ni majani na matunda ya bustani yaliwayo pamoja na chakula. Katika nyua za Mbagala na Tandika ni kila kinacholiwa na ugali au wali, utasikia, bila mzaha, "Mboga ya leo ni dagaa," au "Leo mboga nyama." Mahali hapo ndipo neno *kitoweo* lilipokuwa likikaa, na wazee wa Kunduchi wangali wakilitumia, hasa kwa samaki. Haifai mwanachuo kuyaita matumizi hayo makosa. Ni badiliko la maana linalotokea mbele ya macho yetu, na kazi yetu ni kuandika nani asema nini, wapi, na katika umri gani.

Yapasa pia kuuliza: asili ni nini? Muhogo na mahindi ni mimea ya Amerika, iliyofika Afrika baada ya Wareno kufungua njia za bahari. Na jina *mahindi* lamkumbusha msikilizaji Bara Hindi, si Amerika. *Sufuria*, *sinia* na *sahani* ni maneno yenye asili ya Kiarabu, *chapati* ni ya Kihindi, na *meza* ni ya Kireno. Lakini ukitazama vitenzi, yaani pika, choma, kaanga, oka, twanga, songa, pakua, utaona kwamba karibu vyote ni vya Kibantu. Vyombo na vyakula vimepokewa kutoka kila pwani. Namna ya kuvitendea kazi imebaki yetu. Basi asili ya mapishi haya tuitafute zaidi katika matendo kuliko katika vitu.

Katika mwezi wa Mei mwaka 2024 serikali ya Tanzania ilizindua mkakati wa kitaifa wa nishati safi ya kupikia, wenye lengo la kuwafikishia asilimia 80 ya wananchi nishati hiyo ifikapo mwaka 2034. Hakuna mwenye busara atakayeulilia moshi. Kuni na mkaa vimewadhuru akina mama macho na mapafu, na vimeangamiza misitu, hata ile ya Pugu. Lakini mtungi wa gesi hauna mafiga, wala wali juu yake *haupaliwi* makaa mfunikoni. Baadhi ya maneno yatahama salama: *bandika* yafaa kwa gesi kama ilivyofaa kwa kuni. Mengine yatabaki kama mafumbo tu. Tayari katika kampeni za uchaguzi wananchi huhimizwa kuchagua "mafiga matatu," yaani rais, mbunge na diwani wa chama kimoja, na wako vijana wanaolijua fumbo hilo wasioyajua mawe.

Kwa hiyo kazi hii haifai kungoja. Napendekeza mambo manne. Maneno yaandikwe kwa mfuatano wa kazi, chakula kwa chakula, wala si kwa alfabeti peke yake. Kila neno liambatane na mahali, umri wa msemaji, na lugha aliyolelewa nayo. Kila kitenzi kielezwe pamoja na sababu yake kama mpishi aisemavyo, hata kama sababu hiyo hailingani na ya maabara. Mwisho, yaliyokusanywa yarudishwe kwa waliyoyatoa, yasomwe mbele yao na kusahihishwa nao, na wakiridhia, majina yao yatajwe kuwa ni walimu. Jozi ya *pika* na *ipua* imedumu karne nyingi bila msaada wa kamusi, kwa kuwa kila mama alimwambia mwanawe maneno hayo chungu kikiwa motoni. Wanaoyasema hivyo wangaliko Mbagala na Kunduchi, na milango yao i wazi kwa mwanafunzi mwenye adabu.