Makaa ya mawe hayafanani: Yanayopita Mtwara ni ya kazi gani?

Mtwara inajulikana kwa gesi ya Mnazi Bay. Lakini miaka ya karibuni malori kutoka Mbinga, mkoani Ruvuma, yanashusha mzigo mwingine: makaa ya mawe ya Ngaka. Mengine hupakiwa melini bandarini, mengine huishia kwenye tanuri za saruji.

Je, makaa yote ni sawa? Hapana. Yakikaa ardhini muda mrefu na kubanwa zaidi, maji hupungua na kaboni huongezeka. Madaraja yako manne:

• Lignaiti: kaboni asilimia 25 hadi 35, maji mengi. Huchomwa kwenye mitambo ya umeme jirani na mgodi, maana kuyasafirisha mbali hakulipi.

• Subitumini: asilimia 35 hadi 45. Kazi yake kubwa ni umeme.

• Bitumini: asilimia 45 hadi 86. Umeme, saruji, na baadhi yake hutengeneza koki ya kuyeyushia chuma.

• Antrasiti: zaidi ya asilimia 86. Magumu, yanang'aa, moshi kidogo.

Mnunuzi haangalii uzito tu. Anapima joto, majivu, unyevu na salfa. Mzigo ulionyeshewa mvua unapanda kwenye mizani, ila joto kwa kila kilo linashuka, na bei nayo.

Makaa ya Ngaka huuzwa zaidi kwa ajili ya joto la viwandani. Ukiokota bonge barabarani, usilichome ndani ya nyumba: moshi wake una salfa na kaboni monoksaidi, hewa isiyo na harufu inayoweza kuua.