Zilipendwa za Kigusii kwenye flashi: kweli au si kweli?

Anayetaka zilipendwa za Kigusii leo, iwe Keroka, Ogembo au mjini Nyamira, huenda dukani na flashi yake akajaziwa nyimbo mia mbili kwa mkupuo. Wapenzi wa muziki wameanza kuuliza swali jipya: hizi ni MP3 au FLAC? Swali ni zuri, ila limezungukwa na imani ambazo hazina msingi.

“FLAC ni safi kuliko MP3, basi.” Si kweli.

FLAC, iliyotoka mwaka 2001, hufungasha sauti bila kutupa chochote. Ukiifungua unapata kile kile kilichoingia. MP3 hutupa sehemu za sauti ambazo inakadiria sikio halitazisikia. Hadi hapo hakuna ubishi. Ila FLAC hutunza ilichopewa, kizuri au kibovu.

Fikiria safari ya wimbo wa benga wa miaka ya 1970, wa mtu kama Christopher Monyoncho na bendi yake ya Araka Boys. Ulitoka kwenye santuri ya mizunguko 45 kwa dakika. Kaseti ziliposhika soko, mtu aliunakili kwenye kaseti, na kaseti hiyo ikazaa nyingine. Baadaye DJ akauingiza kwenye kompyuta, akauchanganya, akaupandisha YouTube. Kijana akaushusha kama MP3. Ukiubana wimbo huo leo kuwa FLAC, unahifadhi kwa uaminifu mkubwa mvumo wa kaseti, kasi ya mashine iliyochoka na kila kilichotupwa njiani. Faili inakuwa kubwa mara nyingi zaidi na sauti inabaki ile ile. Ndiyo maana anayelipisha watu ili “apandishe” MP3 zao kuwa FLAC anauza hewa.

Kwa hiyo swali la kwanza dukani liwe hili: wimbo huu ulichukuliwa wapi? Uliochukuliwa moja kwa moja kutoka santuri safi, kwa sindano nzima, ukawekwa kwenye MP3 ya kilobiti 320 kwa sekunde, utaushinda kwa mbali ule wa FLAC uliotoka kwenye kaseti ya nne.

“Mkusanyiko ukiwa FLAC, umeupata wimbo mzima.” Si kweli, na hapa ndipo panaponiuma.

Upande mmoja wa santuri ya 45 hubeba dakika nne au tano hivi. Benga na rumba za Kenya hazikutosha hapo. Studio za Nairobi ziliukata wimbo vipande viwili: sehemu ya kwanza upande A, ya pili upande B. Mara nyingi upande A ndio wenye hadithi: mwimbaji anataja watu, anaonya, anasifu. Kisha upande B magitaa yanafunguka, gitaa la solo linapanda juu, besi inasukuma, maneno yanapungua na watu wanasimama kucheza. Anayekusanya nyimbo kwa haraka hunakili upande A peke yake. Matokeo yake ni mkusanyiko wa muziki wa dansi ambao dansi yenyewe imeachwa nje.

Tazama urefu wa wimbo. Ukiona benga ya dakika nne inayofifia ghafla huku mwimbaji angali katikati ya ubeti, ujue upande B haupo. Mkusanyaji makini huunganisha pande zote mbili, au huziweka zikifuatana. Mimi ningechagua MP3 yenye pande zote mbili kuliko FLAC ya nusu wimbo, wala nisingefikiria mara mbili.

“MP3 huua besi.” Kwa kiasi kikubwa si kweli.

Ushahidi mzuri tunao hapa hapa Gusii: obokano, kinubi kikubwa cha nyuzi nane chenye sauti nzito. Ocora, lebo ya Radio France, ilitoa CD ya obokano ukipigwa na Dominic Ogari. Usikilize kwa spika ya simu na uzito wote unatoweka, hata faili ikiwa FLAC, kwa sababu spika ndogo kama kifungo haiwezi kusukuma hewa ya kutosha. Usikilize kwa sabufa, na hata MP3 itanguruma. Kinachoharibika kwenye MP3 iliyobanwa sana ni kile kilicho juu: ule mng'ao wa nyuzi, makofi, matoazi ya ngoma. Sauti hizo huwa kama zimelowa maji.

“FLAC hula nafasi na bando.” Kweli kabisa.

CD hubeba biti 1,411,000 hivi kwa sekunde. Wimbo wa dakika nane hufikia MB 85; FLAC huupunguza hadi kama MB 50, na MP3 ya 128 hadi MB 8. Flashi ya GB 8 itabeba nyimbo kama 160 za FLAC, au 1,000 za MP3.

“Spika ya bluetooth inanipa FLAC yangu kamili.” Si kweli.

Kwa kawaida bluetooth huibana sauti upya kabla ya kuirusha. Tumia waya.

“Mikwaruzo yote ya santuri iondolewe.” Si kweli.

Programu ya kusafisha haijui tofauti kati ya mkwaruzo na kayamba. Ikizidishwa, huondoka na mng'ao wa gitaa. Kwenye nyumba nyingi za Kisii na Nyamira kuna wazee ambao bado wana santuri kabatini, na hapo FLAC ina kazi yake halisi. Osha santuri, tumia sindano inayofaa (ya santuri za mizunguko 78 ni nene kuliko ya zile za 45), hakikisha kasi ni sawa, rekodi pande zote mbili, uhifadhi FLAC bila kuisafisha. Andika jina la msanii, lebo na namba iliyo kwenye karatasi ya katikati. Ukishafanya hivyo, tengeneza MP3 za matatu na harusi uwezavyo, kwa sababu ile nakala ya kwanza ipo.