Je, Wajua? Nota za Bach Zilirithiwa Kama Shamba

Johann Sebastian Bach alipofariki mjini Leipzig, Ujerumani, tarehe 28 Julai 1750, miswada yake ya muziki, ambayo mingi haikuwa imechapishwa, iligawanywa baina ya mjane na watoto wake, na hatima ya kila fungu ikategemea mikono iliyolipokea. Mjane, Anna Magdalena, ambaye kwa miaka mingi alikuwa akimnakilia mumewe nota, aliikabidhi shule ya Mtakatifu Thomas karatasi za waimbaji na wapigaji ala za kantata kadhaa, yaani tungo za ibada zinazochanganya sauti na ala. Hata hivyo alifariki mwaka 1760 akiishi kwa sadaka. Wilhelm Friedemann, mwana wa kwanza, aliuza sehemu kubwa ya fungu lake kwa sababu ya ufukara, jambo ambalo wapenzi wa muziki wamemlaumia kupita kiasi.

Aliyetunza zaidi ni mwana mwingine wa Bach, Carl Philipp Emanuel. Orodha ya ukoo aliyoiandaa baba yake mwaka 1735, yenye majina 53 ya wanaume wa ukoo huo wa wanamuziki, imesalia katika nakala iliyoandikwa na binti wa Emanuel, naye Emanuel akaijazia maelezo. Alihifadhi pia tungo za wahenga wa ukoo zilizokusanywa na baba yake, ambazo zilipotea wakati wa Vita Kuu ya Pili, zikagunduliwa Kyiv mwaka 1999 na kurejeshwa Berlin mwaka 2001.