Kinamasi cha Ondiri, Chanzo cha Mto Nairobi

Watu wakaao katika mitaa ya Eastlands, tangu Kamukunji hata Dandora, huuona Mto Nairobi kila siku, walakini ni wachache waliopata kuuliza maji yake yatoka wapi. Wauonapo ukipita mweusi, wenye takataka na harufu mbaya, hudhani kwamba ndivyo ulivyozaliwa. Sivyo. Jina lenyewe la mji wetu limetokana na maneno ya Kimasai yenye maana ya maji baridi.

Mto huu waanzia katika kinamasi kiitwacho Ondiri, karibu na mji wa Kikuyu katika Kaunti ya Kiambu, mwendo wa kilomita 20 hivi magharibi ya Nairobi. Ukubwa wake ni kama hekta 30. Mtu akikitazama kwa mbali hudhani ni uwanja wa malisho, kumbe chini ya majani yale pana maji. Mizizi ya nyasi na matete imesukana kama mkeka, na mkeka huo huelea. Akanyagaye juu yake huiona nchi ikitikisika chini ya miguu yake. Kwa hiyo haifai mgeni kuingia humo bila mwenyeji.

Kazi ya kinamasi ni kubwa. Mvua inyeshapo, hunywa maji mengi kama sifongo, kisha huyatoa kidogo kidogo wakati wa kiangazi. Kadhalika mizizi hunasa matope, na maji yatokayo huwa yamechujwa. Humo pia hukaa vyura na ndege wa namna nyingi, na miongoni mwao ni korongo mwenye taji, ambaye hujenga tundu lake katikati ya matete, adui wasikoweza kufika upesi. Ndege huyu amepungua sana katika Afrika ya Mashariki, kwa sababu vinamasi vingi vimekaushwa vikalimwa.

Yafaa ikumbukwe kwamba reli ilipofika mwaka 1899, hata mahali ulipojengwa mji wa Nairobi palikuwa na kinamasi. Palikaushwa, pakajengwa. Lakini maji hayasahau njia yake. Mwezi wa Aprili 2024 mito ilifurika, na huko Mathare watu walipoteza nyumba zao, na wengine maisha yao.

Kwa sababu hizi Kenya ilijiunga mwaka 1990 na Mkataba wa Ramsar wa kuhifadhi vinamasi. Ikatunga sheria ya mazingira mwaka 1999, na kanuni za vinamasi na kingo za mito mwaka 2009. Huko Ondiri wenyeji wamejitolea kupanda mianzi na miti ya asili kandokando.

Basi, je, sisi wa Eastlands tufanye nini? Tusitupe taka mtoni, wala tusijenge ukingoni. Maana wa Kikuyu hutuletea maji sisi, nasi twawapelekea wengine: Mto Nairobi huingia katika Mto Athi, ambao mwisho huitwa Sabaki, ukamwagika baharini karibu na Malindi. Tutupacho Gikomba leo, kuna mama atakayekikuta kesho achotapo maji huko chini.