Ujiji Hauishi kwa Mwembe

Ndugu msomaji, ukitajiwa Ujiji, bila shaka utakumbuka mwembe ambao husemwa kuwa chini yake Stanley alikutana na Livingstone mwaka 1871. Siku hizo ziwa lilikuwa jirani na mji. Mnamo mwaka 1878 maji yalivunja kizuizi cha tope kwenye Mto Lukuga, upande wa Kongo, na Ziwa Tanganyika likashuka mita kama 10; ufuko ukausogea mbali mji. Mwaka 1914 reli nayo ikaishia Kigoma.

Wenyeji walibaki na dagaa. Hawa huvuliwa usiku wa giza, kwa taa. Mbalamwezi ikiwaka, mitumbwi hupumzika. Asubuhi akina mama huwaanika. (Ule mchanga unaoulalamikia mezani hutoka hapo.)

Tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti 2024 uvuvi ulisimamishwa ili samaki wazaliane, kwa makubaliano ya nchi nne zenye ziwa hilo. Ni hatua ya lazima. Lakini wewe, ndugu mfanyakazi, kiwanda kikifungwa huuliza kiinua mgongo. Mama anayeanika dagaa angemwuliza nani?