Atıf Yılmaz: Filamu Zaidi ya Mia Moja, na Mtoto Mmoja Aliyemchagua Baba

Katika nyumba nyingi za mtaani kwetu, baada ya swala ya Isha, runinga huzungumza Kiswahili kwa vinywa vya Waturuki. Watoto wetu wanazijua nyuso za waigizaji wa Istanbul kuliko wanavyowajua baadhi ya jamaa zao. Tumeona ni vyema basi tuwatazame waliotangulia katika sanaa hiyo, na hasa mtu mmoja aliyefanya kazi bila kuchoka kwa zaidi ya nusu karne.

Atıf Yılmaz alizaliwa mjini Mersin, kusini mwa Uturuki, mwaka 1925. Alianza kusoma sheria Istanbul, kisha akaelekea kwenye uchoraji. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1951. Alipofariki Mei 2006 alikuwa ameongoza filamu zaidi ya mia moja. Waliopita mikononi mwake wakiwa wasaidizi walikuja kuwa waongozaji wenye majina, miongoni mwao Halit Refiğ na Yılmaz Güney.

Wingi huo una sababu zake. Filamu za Uturuki zilitoka Yeşilçam, jina la mtaa mdogo wa Istanbul palipokuwa na ofisi za watayarishaji. Wasambazaji wa mikoani walitoa fedha kabla kamera haijawashwa, na kwa fedha hizo walidai nyota wanaowataka na hadithi wanazozipenda watu wao. Mwaka 1972 pekee zilitengenezwa filamu karibu 300. Ili kuokoa muda na gharama, picha zilipigwa bila sauti, na maneno yakatiwa baadaye studio, mara nyingi kwa sauti ya mtu mwingine kabisa. Kwa hiyo anayecheka leo kumsikia bibi wa Kituruki akisema Kiswahili cha Dar es Salaam ajue kwamba mabibi wa zamani nao hawakusema kwa sauti zao.

Mtu anayefanya kazi kwa kasi hiyo hawezi kutoa dhahabu kila siku. Atıf Yılmaz alitengeneza vichekesho, visa vya mapenzi na vya vijijini. Vingine vimesahauliwa, na baadhi vinastahili kusahauliwa. Katika miaka ya 1980 aligeukia maisha ya wanawake na matamanio yao, na nyingi za filamu hizo hatuzipendekezi kwa sebule yenye watoto.

Lakini iko moja ya mwishoni mwa miaka ya 1970, Selvi Boylum Al Yazmalım, iliyotokana na hadithi ya Chingiz Aitmatov, mwandishi wa Kirgizi. İlyas, dereva wa lori, anamwoa Asya, msichana wa kijijini, na wanapata mtoto wa kiume, Samet. Kazi inapoharibika, İlyas anaingia katika ulevi na kwa mwanamke mwingine. Asya anaondoka na mtoto mgongoni, hana pa kwenda. Cemşit, msimamizi wa kazi za barabara, anawapa hifadhi. Miaka inapita, Samet anakua akimwita Cemşit baba. Kisha İlyas anapata ajali, na anayemwokota na kumleta nyumbani ni Cemşit huyo huyo. Asya bado anampenda İlyas, na filamu haifichi hilo. Hata hivyo anabaki na aliyemlea mwanawe.

Sheria yetu inahifadhi nasaba: mtoto huitwa kwa baba aliyemzaa, na malezi hayaifuti damu. Aitmatov na Atıf Yılmaz hawakuingia mlango huo. Wao walitazama nani aliamka usiku mtoto alipolia.

Tuliisimulia hadithi hii katika kikao cha kamati, siku tuliyokuwa na shauri linalofanana nayo: baba aliyetoweka miaka sita amerudi, anamtaka mwanawe. Mmoja wetu aliuliza kwanza kuhusu talaka na eda, kama ilivyo ada yetu. Mzee wetu mmoja, mwenye wajukuu wengi, alinyamaza kitambo, kisha akauliza iwapo İlyas aliruhusiwa kuja kumwona mtoto siku za Idi. Tulimjibu kwamba filamu inaishia barabarani, İlyas akiondoka peke yake. Akasema basi waandishi wamelikwepa lililo gumu, na akataka yule baba aitwe ndani.