Eti Mke Ndiye Aliyemhamisha!

Wanandoa wakianza kubishana nani amfuate mwenzake kikazi, mimi huwatajia Wayne Gretzky, mshambuliaji wa hoki ya barafuni kutoka Kanada. Jamaa alifunga mabao 894 katika ligi ya NHL, rekodi iliyodumu hadi 2025 ilipovunjwa na Mrusi Alexander Ovechkin.

Julai 16, 1988 alifunga ndoa mjini Edmonton na Janet Jones, mwigizaji wa Kimarekani. Alikuwa ametoka kuipa timu ya mji huo, Oilers, kombe la nne. Hata mwezi haujaisha, Agosti 9, akauzwa Los Angeles. Weee! Kwenye mkutano wa kuaga alilia hadi akashindwa kuongea. Mashabiki wakapandwa na hasira, na lawama nyingi zikamwangukia bibi harusi: eti kamvuta mume aende Hollywood. Kumbe muuzaji alikuwa mwenye timu, Peter Pocklington, na kwenye dili hilo alipata dola milioni 15! Jamani, mbona lawama hukimbilia kwa mke kwanza? Hilo linanikera sana.

Janet hakutetereka. Gretzky alicheza misimu mingine 11, akastaafu 1999 akiwa New York, na wakajaliwa watoto watano.